Gemu la mtu mmoja linalodai intaneti: linaitaka ya nini?

Marahaba, ndugu yangu wa Itigi. Swali lako nimelisoma mara mbili, na nitalieleza kwa ufupi ili wasomaji wengine wapate kulifuata jibu. Unafundisha katika shule iliyo ndani ya vichaka vya Itigi, mahali ambapo mtandao hupatikana mtu akipanda juu ya kichuguu kilicho nyuma ya nyumba za walimu. Ulilipia gemu la mapambano la mchezaji mmoja, ambamo unapigana na maadui wa kompyuta tu wala si na binadamu mwenzako, lakini kila ukilifungua ukiwa ndani ya nyumba linasimama na kukutaka ukague muunganisho wako. Unauliza kama huo ni utapeli au kuna sababu ya kiufundi, na pia unawezaje kulitambua gemu la namna hiyo kabla hujamaliza bando kulipakua.

Jibu la msingi ni hili: pambano lenyewe halihitaji intaneti. Kinachoihitaji ni daftari la duka lililowekwa nyuma ya pambano, yaani hesabu ya sarafu zako, uthibitisho kwamba ulilipa, matangazo, na zawadi za kila siku. Sababu za kiufundi zipo, na baadhi yake nitazitetea. Lakini nyingi ni uamuzi wa kibiashara wa mtengenezaji, na angeweza kuamua vinginevyo. Mimi hutengeneza programu za simu hapa Dodoma, na jambo hili linanikera kwa dhati, kwa sababu watumiaji wengi wa mikoa yetu hii ya kati wanaishi na mtandao wa kuja na kuondoka, na programu iliyotungwa kwa kudhani kwamba mtandao upo saa zote imekwisha kuwaacha nje tangu siku ilipoandikwa.

Tuanze na pambano. Gemu zuri la mapambano huchora picha 60 kila sekunde, maana yake kila picha inapewa takribani milisekunde 17. Ndani ya muda huo simu inasoma kidole chako kimegusa wapi, inaamua kama upanga umemfikia adui, inampunguzia uhai, kisha inachora matokeo. Sasa linganisha na safari ya ujumbe kwenda kwenye seva, yaani kompyuta ya kampuni iliyo mbali. Mwanga ndani ya nyuzi za mkongo husafiri takribani kilomita 200,000 kwa sekunde. Kutoka Dodoma hadi Ulaya ya kati ni karibu kilomita 7,000 kwa mstari ulionyooka, kwa hiyo kwenda na kurudi hakuwezi kupungua milisekunde 70, na hapo hatujahesabu mizunguko ya mkongo baharini, foleni kwenye mitambo ya njiani, wala mawasiliano kati ya simu yako na mnara. Wakati jibu linarudi, picha nne zimekwisha kupita na adui amekwisha kukupiga. Hakuna mtengenezaji anayejali wepesi wa ngumi atakayeisubiri seva iamue kila pigo. Hata magemu ya watu wengi hulionyesha tukio kwenye simu kwanza na kulisahihisha baadaye. Katika gemu la mtu mmoja hakuna hata wa kusahihishana naye.

Hili unaweza kulishuhudia kwa macho yako. Majuzi nilikaa barazani hapa Area D na simu ya kijana wa jirani, tukafungua gemu la panga linalodai intaneti. Tuliingia kwenye hatua moja, na katikati ya pambano nikavuta pazia la juu la skrini na kuwasha hali ya ndegeni, inayokata mawasiliano ya simu. Pambano halikutetereka. Adui mkubwa alitoka mafichoni, akarusha moto, kijana akamkwepa mara tatu na kumwangusha. Maandishi ya ushindi yakatokea na muziki ukapigwa. Kisha likaja dirisha la zawadi, na hapo ndipo kila kitu kiliganda: sehemu ya sarafu ilibaki kwenye sifuri, na katikati ya skrini kikawa kinazunguka kile kiduara tunachokifahamu wote. Nilipozima hali ya ndegeni, sarafu zilijaa ndani ya sekunde mbili. Simu ilikuwa imepigana peke yake tangu mwanzo hadi mwisho; iliyokuwa ikisubiriwa ni ruhusa ya mweka hazina, yaani seva inayotunza lile daftari la duka.

Kwa nini basi watengenezaji wanamweka huyo mweka hazina mbali? Sababu ya kwanza na ya zamani ni wizi wa nakala. Kampuni ya Madfinger Games ya Ucheki ilitoa gemu la kupiga risasi liitwalo Dead Trigger mwaka 2012 kwa bei ya senti 99 za dola, na mwaka huohuo ikalifanya la bure kwenye Android, ikieleza kwamba nakala za wizi zilikuwa nyingi kupita kiasi. Nintendo nao walipotoa Super Mario Run kwenye iPhone mnamo Desemba 15, 2016, mchezaji alipaswa kuwa na intaneti muda wote, ijapokuwa alikuwa anakimbia na kuruka peke yake na alikuwa amelipa dola 9.99 kufungua hatua zote. Shigeru Miyamoto, muumbaji wa Mario, alieleza hadharani kwamba nia mojawapo ilikuwa ni ulinzi dhidi ya wizi, na nyingine ilikuwa ni kuziunganisha sehemu tatu za mchezo huo zitumie kumbukumbu moja. Anayejua jinsi magemu yanavyorushwa kutoka simu hadi simu kwa Xender kwenye vijiwe vya mafundi simu hawezi kusema kwamba hofu hiyo haina msingi. Watu wamefanya kazi miaka miwili au mitatu, na nakala yao inagawiwa bure mchana kweupe.

Hata hivyo, kulinda malipo hakulazimu kumuuliza mteja kila anapofungua mlango. Duka la Google lina huduma ya leseni, yaani ya kukagua kama mtumiaji alilipia, tangu 2010, enzi likiitwa Android Market, na huduma hiyo inampa mtengenezaji taratibu mbili zilizo tayari. Mmoja ni mkali: kila gemu linapofunguliwa, seva inaulizwa upya, na bila jibu hakuna kuingia. Mwingine, ambao ndio Google wenyewe wanaupendekeza, hulitunza jibu la seva ndani ya simu kwa maandishi yaliyofichwa na kuliamini kwa muda uliowekwa, ili mtumiaji aliyelipa asifungiwe nje kwa sababu tu amepita mahali pasipo na mnara. Tofauti ya taratibu hizi mbili kwa mtengenezaji ni ndogo sana. Kwa mwalimu wa Itigi ni tofauti ya kucheza na kutocheza. Kwa hiyo mtu akinieleza kwamba gemu lake la kulipia lazima liulize kila mara kwa sababu ya wizi, simkubalii.

Sababu ya pili ni saa na sarafu, na hapa nina huruma zaidi na watengenezaji. Magemu mengi ya bure hukupa nguvu chache za kuingilia vitani, kisha hukusubirisha zijae tena, au ununue. Zamani hesabu hiyo iliwekwa kwenye simu, na vijana wakagundua mapema kwamba ukisogeza saa ya simu mbele siku nzima, nguvu zote zinajaa. Wengine wakaja na programu za kuchakachua kumbukumbu ya simu, ukiwa na sarafu 50 unaandika 50,000. Simu ina saa ya pili inayohesabu muda tangu ilipowashwa, ambayo mtumiaji hawezi kuisogeza, lakini nayo huanza upya simu ikizimwa, kwa hiyo haitoshi peke yake. Seva ndiyo saa pekee ambayo mchezaji haifikii. Kama mapato ya kampuni yanatokana na kuuza sarafu, ni haki yake kuzilinda. Ninachobishia ni namna ya kuzilinda: pambano lingeweza kuendelea bila mtandao, matokeo yakaandikwa kwenye simu, na hesabu ikapelekwa kwa seva siku mtandao utakapopatikana. Seva ingekagua kama matokeo hayo yanawezekana na kuyakataa yasiyowezekana. Kazi hiyo inachosha kuiandika, nakiri, kwa sababu nimeiandika mwenyewe kwenye programu ya hesabu za wakulima wa alizeti wa Kongwa, ambao husaini mizigo shambani na kutuma taarifa wakifika mjini. Lakini inawezekana.

Matangazo hayahitaji maelezo marefu. Gemu la bure linaishi kwa matangazo, tangazo la video huletwa kutoka mtandaoni, na baadhi ya watengenezaji huzuia mchezo usifunguke bila intaneti kwa sababu wanajua mtu akizima data matangazo yanakufa. Kama hukulipa chochote, hayo ni masharti ya biashara yenyewe. Unaweza kuyakubali au kuliacha gemu.

Sababu ya nne ndiyo inayokula bando lako, na wengi hawaijui. Gemu unalolipakua dukani mara nyingi si gemu zima. Google Play inaruhusu vipande vya gemu vigawanywe katika mafungu: lipo linalokuja pamoja na programu, lipo linaloshuka lenyewe mara tu baada ya programu kusakinishwa, na lipo linaloletwa pale tu mchezaji anapofika mahali linapohitajika. Unaweza kuona MB 150 dukani, ukafurahi, kisha ukafika hatua ya pili na kuambiwa kuna kipande kingine kikubwa kuliko cha kwanza. Hilo si dai la kudumu. Vipande vikiisha kushuka, mahitaji hayo yameisha. Kwa upande mwingine, ule ujumbe wa kumuuliza mweka hazina ni mdogo mno, hata robo ya MB haufiki kwa kawaida. Ukiona bando linayeyuka wakati unacheza, mtuhumu kwanza tangazo la video na kipande kinachoshuka chinichini.

Sasa nieleze kwa nini siridhiki na jibu la kwamba dunia nzima imeunganishwa siku hizi. Jumapili ya Mei 12, 2024, mikongo miwili ya baharini, EASSy na Seacom, ilikatika kati ya Msumbiji na Afrika Kusini, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi zilizoathirika vibaya. Hapa Dodoma mjini, tena karibu na mnara, ulikuwa unaweza kuona alama ya mtandao imejaa juu ya skrini na hakuna kinachofunguka. Gemu linalotunza kila kitu ndani ya simu liliendelea kuchezwa. Lile la mweka hazina aliye ng'ambo ya bahari lilikufa kwa siku nzima, ijapokuwa kila mguso wa kidole na kila pigo la upanga lilikuwa linahesabiwa papa hapa. Bila hata kufika kwenye mkongo, mtu akipanda treni ya SGR kwenda Dar es Salaam na kuingia kwenye mahandaki ya Kilosa, ataona mwenyewe ni magemu yapi yanayoendelea na yapi yanayomtupa nje.

Na kuna jambo zito kuliko kukosa mtandao kwa saa kadhaa, nalo ni seva kuzimwa kabisa. Ubisoft walizima seva za gemu la magari liitwalo The Crew mnamo Machi 31, 2024, na hata waliokuwa wakiendesha peke yao wakalipoteza gemu walilolinunua. Malalamiko yaliyofuata yalizaa kampeni kubwa Ulaya ya kuzitaka kampuni ziyaache magemu katika hali ya kuchezeka zinapojitoa. Mwaka huohuo jimbo la California, Marekani, lilipitisha sheria iliyoanza kutumika Januari 1, 2025, inayomkataza muuzaji wa bidhaa za kidijitali kutumia neno la kununua bila kumweleza mteja waziwazi kwamba anapewa leseni tu. Kinachonifurahisha katika sheria hiyo ni msamaha wake: bidhaa ambayo mteja anaweza kuipakua na kuitumia daima bila mtandao haiguswi na sharti hilo. Watunga sheria wenyewe wametambua kwamba kitu kinachofanya kazi bila kumuuliza aliyekuuzia ndicho kilicho chako.

Kwamba kuitoa seva kunawezekana, ushahidi upo. Capcom walikuwa na gemu la mapambano la simu, Mega Man X DiVE, lililotegemea seva kwa kila kitu pamoja na bahati nasibu ya kupata wahusika. Mwaka 2023 walitoa toleo la nje ya mtandao la gemu hilohilo: unalipa mara moja, unacheza, hakuna bahati nasibu. Nekki nao wana Shadow Fight 2, na pembeni yake wana toleo maalumu la kulipia lisilo na matangazo wala kusubiri nguvu zijae. Dead Cells ya simu hulipiwa mara moja na kuchezwa popote, na GTA San Andreas ya simu, ambayo ipo tangu Desemba 2013, inachezwa hadi leo na vijana wasio na hata laini ndani ya simu. Kinyume chake ni Genshin Impact ya mwaka 2020, ambayo unaweza kuicheza peke yako wiki nzima usikutane na mtu, na bado ukikatika mtandao dakika moja unarudishwa mlangoni. Kwa hiyo msimamo wangu ni huu: gemu la bure linaweza kudai intaneti likieleza sababu yake mapema, gemu la kulipia mara moja, la mchezaji mmoja, halina udhuru zaidi ya kuuliza siku ya kwanza na kuuliza tena mara mojamoja.

Kuhusu kulitambua mapema, usitegemee orodha ya ruhusa. Android huipa kila programu inayoiomba ruhusa ya intaneti bila kukuuliza, tofauti na kamera au mahali ulipo, kwa hiyo hutaona dalili yoyote pale. Soma maelezo ya dukani hadi chini kabisa, kwa sababu sharti la muunganisho mara nyingi huandikwa katika mistari ya mwisho. Angalia maneno "ununuzi wa ndani ya programu" chini ya jina la gemu. Gemu lenye sarafu nyingi za kununua lina mweka hazina, na mweka hazina huyo kwa kawaida yuko kwenye seva. Kisha fungua maoni ya watumiaji yenye nyota moja na mbili, ambayo kwa jambo hili ndiyo ya kweli kuliko tangazo la kampuni, kwani aliyefungiwa nje akiwa safarini haachi kulisema.

Jambo moja nikuombe usilifanye: usiende kwa fundi akakuwekee nakala iliyochakachuliwa ili kuukwepa ukaguzi. Aliyeifungua programu ya mwenzake na kuitoa kufuli ameweza pia kuongeza humo anachotaka, na simu hiyohiyo ndiyo yenye akaunti yako ya fedha za mkononi na ujumbe wa benki.

Kwa gemu lako mwenyewe, fanya hivi Jumamosi hii. Panda kichuguu ukiwa na bando la kutosha, ulifungue, uliache limalize kushusha vipande vyote, kisha shinda pambano moja na usubiri hadi sarafu zihesabike. Shuka, washa hali ya ndegeni, zima simu kabisa na kuiwasha, halafu ulifungue ukiwa ndani ya nyumba. Likifunguka, jibu la leseni limetunzwa kwenye simu, na utahitaji kupanda kichuguu siku chache chache tu. Andika tarehe litakapogoma tena, ujue limepewa muda gani. Likigoma palepale, limeandikwa kwa ule utaratibu mkali. Kama bado hazijapita saa 48 tangu ulipolilipia, omba kurudishiwa fedha kupitia ukurasa wa Google Play. Kama zimepita, mwandikie mtengenezaji kwa anwani iliyo chini ya ukurasa wa gemu dukani, umweleze unaishi wapi na umtajie ule utaratibu wa kulitunza jibu la leseni kwenye simu. Na wakati unasubiri majibu, usiguse kitufe cha kufuta data ya programu, wala usiliondoe gemu, hadi uhakikishe kwamba maendeleo yako yamehifadhiwa kwenye akaunti na si kwenye simu pekee.